Sauti ya Nelly Corvain

Jumatatu, 15 Septemba 2025

Nimeanza leo kwa Madame Thérèse, hapa hapa Evere, pembeni mwa Brussels, vituo viwili vya basi kutoka kwangu. Ana miaka tisini na miwili na anaishi peke yake ghorofa ya pili. Kazi ni ile ile ninayoifanya tangu nipate karatasi za nchi hii: kumwosha, kumvalisha, kupika, kumpa dawa, kumtembeza kidogo mvua ikinyamaza. Mara tatu kwa wiki. Mwenzangu aliyenitangulia aliniambia nijiandae, yule maman anaringa. Nimemwamini. Asubuhi nzima amenong'ona, kana kwamba mimi sistahili sauti kamili. Nami namjibu kwa kelele, maana sikio lake la kushoto limekufa na la kulia liko njiani.

Daftari hili naliandika kwa Kiswahili cha shule, kile nilichofundishwa kambini Kigoma tulipokimbia kutoka Uvira. Kutwa nzima ni Kifaransa. Nikikaa bila kuandika kitanitoka.

Jumatano, 17 Septemba

Mvua. Supu ya karoti. Amekula nusu.

Jumatatu, 22 Septemba

Nilikuwa nafuta vumbi juu ya kabati, nikaangusha bahasha. Ikatoka picha ya mikono. Mikono tu, ya mwanamke, ikivaa glavu nyeupe. Nyuma kumeandikwa kwa kalamu: Nelly, 1928.

Nikamwonyesha. Akaitazama, akanong'ona, "Hiyo ni ya mama yangu. Alikuwa kwenye sinema." Akaichukua akaikalia.

Mimi nimerudi nyumbani na jambo moja kichwani. Mama wa bibi wa miaka tisini na miwili, kwenye sinema.

Jumatano, 24 Septemba

Sikuuliza. Karibu inishinde, lakini sikuuliza.

Ijumaa, 3 Oktoba

Leo amesema. Nilikuwa namkata kucha, na nadhani mtu akishikwa mkono ulimi unalegea. Naandika yote kabla sijayasahau.

Mama yake aliitwa Pétronille Cools. Alikuwa muuza glavu katika duka moja la mjini. Siku moja akaingia bwana mtengeneza filamu, akamwona anavyomvalisha mteja glavu, akamwomba mikono yake. Ndiyo ile picha. Filamu ya kwanza alionekana mikono tu, anafungua barua kwa niaba ya mwigizaji mkubwa aliyekuwa anajiuma kucha. Filamu ya pili wakamwonyesha uso, kwenye dansi, nyuma ya watu. Enzi hizo filamu zilikuwa bubu. Wakampa jina, Nelly Corvain. Mwaka 1931 filamu zilipoanza kusema, naye akapewa ya kusema: sentensi kumi na moja, anaigiza binti wa kituo cha simu.

"Halafu?" nikauliza.

"Halafu hakuna. Filamu iliitwa *Allô, le Neuf*. Baba alikuwa ukumbini siku ya kwanza, walikuwa bado wachumba. Alisema mama alipofungua kinywa watu mia nne walicheka. Hawakumwita tena. Akarudi kwenye glavu. Nilipokuwa na miaka mitatu akafa kwa kifua."

"Unaikumbuka sauti yake?"

Akatikisa kichwa. "Naijua kwa sababu ni yangu. Baba alinionya tangu nikiwa mdogo. Una koo la mama yako, ongea chini, usichekwe." Akavuta mkono wake, akazitazama kucha. "Nimefanya kazi maktaba miaka arobaini, Émérance. Nilichagua mahali ambapo watu wote wananong'ona."

Nikasema hizo filamu huenda zipo, tunaweza kuzitafuta. Akasema, "Acha." Nikasema ndiyo, Madame.

Na mimi nilidhani anaringa.

Jumatano, 8 Oktoba

Nimempeleka kwa daktari wa masikio. Daktari amenivuta pembeni: sikio la kulia linaisha. Huenda likafika majira ya kuchipua, huenda lisifike. Kifaa anachovaa hakitasaidia tena baada ya hapo. Madame ametuona tukinong'ona mlangoni. "Sasa ninyi wawili mmekuwa kama mimi," akasema.

Ijumaa, 10 Oktoba

Sijalala vizuri. Mama yangu alipofariki Uvira, mwaka juzi, nilikuwa na jumbe zake za sauti kwenye simu, zaidi ya mia. Nyingine alikuwa ananituma tu kumsalimia jirani. Simu ikaibwa pale Gare du Nord, nikiwa natoka treni, mwezi mmoja baada ya msiba. Nakumbuka maneno yote. Sauti yenyewe imeanza kunitoka. Jana nilijaribu kuisikia kichwani ikaja ya shangazi.

Nimeamua. Nitaitafuta hiyo filamu, na Madame hatajua mpaka niipate. Kama ni kosa, liwe langu.

Jumanne, 14 Oktoba

Nimekwenda kwenye nyumba ya hifadhi ya filamu. Nilijiandaa kwa Kifaransa changu kizuri kabisa, sentensi nimezipanga kama mwanafunzi. Akatoka kijana mrefu, koti jeupe, akanisikiliza kidogo akacheka kwa upole.

"Maman, unatoka Uvira ao Bukavu?"

"Uvira."

"Bon, miye niko mwana Lubumbashi. Kazadi. Sema tu mu Swahili, tutasikilizana muzuri."

Alikuja kusoma namna ya kuponya filamu za zamani, wakambakiza kazini. Nikamweleza. Akaenda kwenye mashine yake, akarudi na karatasi. *Allô, le Neuf*, yaani Halo, Namba Tisa, ipo. Mikebe saba. Orodha ya waigizaji ina majina manne, na chini yake: binti wa simu, hajulikani.

"Anajulikana," nikamwambia. "Mutoto wake iko Evere, nimemupikia asubuhi."

Akaweka kalamu mezani, akavuta kiti karibu.

Jumanne, 21 Oktoba

Nimemwona Nelly Corvain.

Kazadi alipitisha mkebe wa tano kwenye meza yake yenye kioo kidogo. Dirisha la kituo cha simu, nyaya nyingi, na yeye katikati, amevaa spika za masikioni, ana uso wa mviringo na nyusi nzito. Ni Madame Thérèse kabisa, ila mwenye miaka ishirini na mitano. Anafungua kinywa. Anasema. Anachomeka waya, anasema tena. Na hakuna kitu, kimya.

"Sauti iko wapi?"

"Ile wakati sauti haikukuwaka mu filamu, Maman. Ilikuwa pa santuri, pembeni. Mutu wa mashine anaweka filamu hapa, santuri pale, vyote vinaenda pamoja. Sasa santuri zilipotea. Tuko na filamu ya watu wanasema bila kusikika."

Nilitaka kulia. Yeye akageuza mkebe. Juu yake kulikuwa na karatasi ya zamani, wino umepauka: jina la ukumbi wa mwisho ulioonyesha filamu hiyo, Ciné Alcyon, na mtaa na namba, huko Forest, upande wa pili wa mji. "Huu mukebe ulitoka kule," akasema. "Pengine santuri zilibakia. Lakini ni miaka mia karibu. Usitumainie sana."

Natumaini sana.

Jumapili, 26 Oktoba

Guylain, mdogo wangu, alikuja kula. Tangu kiwanda cha magari kifungwe kule Forest hana kazi ya kudumu, anafunga mikro na spika kanisani kwao. Lile kanisa mimi silipendi. Mimi ni Mkatoliki, na Pasta Anaclet wao ana suti nyingi mno kwa mtu mmoja. Nikamwonyesha Guylain anwani kwa sababu anaijua Forest.

Akasoma, akaweka kijiko chini.

"Yaya," akasema, ndivyo anavyoniita dada yake mkubwa, "hii adresse umeitoa wapi?"

"Ni ya sinema ya zamani."

"Hapana. Ni kanisa yetu."

"Guylain."

"Vrai vrai. Siye tunakodi tu. Kule nyuma, juu ya mulango, kuko kachumba kako na matundu mbili mu ukuta. Siku zote minajiuliza, haya matundu ni ya nini?"

Nikamwambia ni ya mashine ya sinema. Ugali ukapoa.

Jumamosi, 1 Novemba

Sikukuu ya Watakatifu. Asubuhi misa kwetu, mchana Forest, na Kazadi amekuja na glavu zake na boksi la povu.

Nilitegemea Pasta Anaclet atatuzungusha. Alitupokea mlangoni na suti ya rangi ya divai, akanisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza, jambo ambalo padri wangu hajawahi kulifanya. "Maman Émérance," akasema, "kule juu hakuna mutu anapandaka. Mwenye nyumba alisema ngazi ni mubovu. Lakini kama ni juu ya mutoto asikie mama yake, donc tunapanda." Akampigia simu mwenye nyumba, akapata ruhusa. Akavua koti, akalitundika kwenye mimbari, akakunja mikono ya shati.

Wametoa viti vibovu arobaini na kitu, mazulia, ngoma iliyopasuka, mti wa Krismasi wa plastiki. Nyuma ya vyote, ukutani, kulikuwa na kabati la chuma limeota kutu. Guylain akalifungua kwa bisibisi. Ndani, zimesimama wima kama sahani, santuri. Kubwa, kila moja kama sinia la pilau. Kazadi akatukataza kupumua. Akaipangusa ya kwanza kwa brashi, akasoma, akanipa nisome mwenyewe.

Allô, le Neuf. Un, yaani moja.

Pasta akaimba. Sauti yake nzuri, sikuwahi kujua. Tulizitoa moja moja. Moja, mbili, tatu, nne. Sita, saba. Kazadi akaingiza mkono mpaka begani, akaitoa ya tano chini kabisa, ilikuwa imeanguka. Ina ufa kutoka ukingoni mpaka karibu na katikati.

Guylain akasema, "Njo ile?"

Kazadi akaitikia kwa kichwa.

Jumatatu, 3 Novemba

Nimemwosha Madame nywele. Nimemdanganya kwa kunyamaza. Anauliza mbona nina furaha.

Ijumaa, 7 Novemba

Kazadi anasema asisumbuliwe.

Jumatano, 12 Novemba

Mvua siku ya nne. Leo ilibidi nirudie maneno mara tatu ndipo Madame akasikia "kahawa".

Alhamisi, 20 Novemba

Kazadi amepiga nikiwa kwenye basi. Nimeshuka kabla ya kituo, nikasimama kwenye mvua nimsikie vizuri. Amepata. Ameisoma santuri kipande kwa kipande, kila mzunguko unapofika kwenye ufa unaruka, naye anaurudisha kwa mkono kwenye kompyuta. Mizunguko mia tatu na zaidi. "Sauti inatoka, Maman. Inakwaruza, lakini inatoka. Mukuje musikilize?"

Nilitaka, Mungu anajua. Nikasema hapana. Wa kwanza lazima awe mtoto wake.

"Kuko kitu kingine," akasema. "Nilipata barua mu makaratasi ya studio yenye ilitengeneza filamu. Nitakutumia kopi."

Jumatatu, 24 Novemba

Nimemwambia Madame. Nilipiga magoti mbele ya kiti chake, upande wa sikio la kulia, nikamweleza yote, hifadhi, kanisa, santuri.

Uso wake ukafunga. "Nilikwambia uache."

"Ndiyo, Madame."

"Ukasema ndiyo siku ile pia." Ananong'ona, na mnong'ono wa hasira ni mbaya kuliko kelele. "Umewakusanya watu wangapi wamcheke? Miaka tisini na minne imepita, kaburi lake lenyewe lilishafutwa, wewe umekwenda kuchimba kicheko."

"Madame, muda wako wa kusikia unaisha."

"Iishe. Ndiyo ahueni yangu. Ijumaa waambie ofisini walete mtu mwingine."

Nimekuja nyumbani kwa miguu. Sijui nimefanya nini. Nilidhani namtafutia yeye, kumbe labda nilikuwa natafuta simu yangu iliyoibwa.

Jumatano, 26 Novemba

Ijumaa ilikuwa bado, kwa hiyo nikaenda. Nimemwosha, nimemvalisha. Nilipomaliza nikaweka kopi ya barua aliyonitumia Kazadi mezani, chini ya miwani yake, nikaenda jikoni. Niliosha sufuria moja mara tatu.

Ni barua ya mkataba, Februari 1932. Studio inampa Nelly Corvain filamu mbili zaidi, nafasi kubwa, za kuchekesha. Barua inasema watazamaji wa Brussels wanamtaka tena yule binti wa simu. Chini kuna mistari miwili ya sahihi. Wa kwanza una jina lake, herufi za mviringo. Wa pili umeandikwa: mume. Hauna kitu.

Kazadi alinieleza. Zama hizo mwanamke aliyeolewa hakuweza kufunga mkataba bila mumewe kutia sahihi. Nao walioana Januari.

Nikasikia kiti kinasogea. Nilipotoka alikuwa amesimama, barua mkononi.

"Za kuchekesha," akasema.

"Ndiyo."

"Baba alisema walimfukuza."

Amekaa akaisoma tena, anafuata mstari kwa kidole. Nje basi limepita, madirisha yakatetemeka, hakulisikia. Mwisho akauliza, "Nitamsikia lini?"

Jumamosi, 13 Desemba

Nitaandika kabla sijalala.

Ilikuwa Forest, mle mle Alcyon, saa tisa alasiri. Pasta Anaclet ndiye aliyetaka iwe hapo, na Madame akakubali kwa sharti moja, kwamba akae mstari wa mwisho karibu na mlango, aweze kutoka. Guylain alikuja kumchukua kwa gari la kuazima. Alivaa koti lake la kijani, na ile picha ya mikono ndani ya mkoba. Nilitegemea watu kumi. Wamekuja zaidi ya sitini, akina mama na vitambaa vyao vizuri, wanafunzi, wazee, kwa sababu Pasta alitangaza kwenye ibada kwamba mama mmoja atafufuka kwa nusu saa.

Guylain alimvika Madame spika za masikioni, akageuza sauti yote upande wa kulia. "Inaenda, Maman?" Akainua kidole gumba.

Taa zikazimwa. Kazadi alionyesha mkebe wa tano tu. Kwanza kulikuwa na mkwaruzo, kama mafuta ya moto kwenye kikaango. Kisha kituo cha simu, na Nelly na nyaya zake. Mzee mmoja tajiri anataka kuongea na baba wa bibi harusi. Nelly anachomeka waya, kwenye tundu lisilo lake. Anayepokea ni mchinja nyama.

Akafungua kinywa.

Ni sauti nzito. Nzito kama ya mwanamume aliyeamka sasa hivi, ina mchanga ndani, na ni ya hapa hapa, ya mitaa ya Brussels, si ya wale waigizaji waliokuwa wakiongea kama wako kanisani. Uso wa mtoto, na sauti hiyo. "Usikate, Bwana," akasema.

"Mimi ni mchinja nyama," akasema yule, "kukata ndiyo kazi yangu."

"Basi kata, lakini polepole, kuna binti anataka kuolewa hapa."

Ukumbi ukalipuka. Watu sitini, kicheko kimoja. Nilihisi Madame ameshtuka, kucha zake zikaingia mkononi mwangu. Akageuka kutazama watu. Alitazama mstari kwa mstari, kama mtu anayemtafuta aliyemtukana. Mbele yetu mama mmoja mnene alikuwa anajifuta machozi kwa ncha ya kitenge, anamwambia mwenzake, "Huyu bibi, huyu bibi anaua mutu." Pasta alikuwa ameinama, anapiga goti lake kwa kofi.

"Wanampenda," Madame akasema.

Hakunong'ona. Ilitoka nzito, na mchanga ndani. Watu wa mstari wa mbele yetu waligeuka, maana sauti ile ile ilikuwa imetoka sehemu mbili, kwenye kitambaa cha sinema na nyuma yao.

Nelly alisema sentensi zake zote kumi na moja. Nilizihesabu. Kila moja alingoja kidogo kabla ya kuisema, kama anayejua kicheko kinakuja na anakiachia nafasi. Ilipokwisha Madame akasema, "Tena." Kazadi akairudia. "Tena." Mara ya tatu alikuwa anacheka na wenzake, kichwa nyuma, meno yote nje, na mimi nalia kama mjinga.

Taa zilipowashwa Kazadi alikuja na fomu yake. Aliinama karibu na sikio. "Madame, kwenye orodha bado imeandikwa hajulikani. Nimwandike nani?"

Akasimama kwa kunishika. "Andika Nelly Corvain. Halafu kwenye mabano andika Pétronille Cools, muuza glavu. Na mimi ni binti yake."

Akina mama walimzunguka. Mmoja akamletea sambusa, mwingine akamfunga kitenge mabegani. Amefika Evere saa moja jioni, anamsimulia Guylain kisa cha filamu ambayo Guylain mwenyewe alikuwa ameiendeshea sauti.

Jumatatu, 15 Desemba

Hakuwapigia simu ofisini. Sikuuliza. Kahawa ilikuwa tayari nilipofika.

Jumatano, 7 Januari 2026

Theluji kidogo. Daktari amethibitisha: la kulia nalo limekwenda, lilizimika kati ya Krismasi na mwaka mpya. Nilimwandikia kwenye karatasi, kwa herufi kubwa. Nilijiandaa kumbembeleza. Alisoma, akakunja karatasi mara nne.

"Lilingoja," akasema.

Jumatano, 14 Januari

Kwa kuwa haisikii sauti yake, hajui tena inafika wapi. Anaongea kutwa. Ameniambia habari za maktaba, za mwanamume aliyetaka kumwoa mwaka 1958 na kwa nini alimkataa, za tumbaku aliyokuwa akivuta kwa siri chooni. Zamani nilidhani ni mtu asiye na la kusimulia.

Leo saa nne alikuwa ananiigizia mchinja nyama, kwa sauti nzito ile, jirani wa upande wa pili akagonga ukuta. Nikachukua karatasi nikamwandikia: Jirani anagonga, unapiga kelele.

Akavaa miwani, akasoma, akaguna.

"Mwambie aingie," akasema, na nadhani mpaka kituo cha basi wamesikia. "Kuna kahawa."